Mstari Usiokuwemo Kwenye Zaburi

Baba Mabula,

Na wewe usininyamazie. Anayeninyamazia huko juu mmoja anatosha; kunyamaziwa na wawili sina nguvu hiyo. Mwaka unakaribia kwisha tangu tukuzike. Nimekufagilia kaburi, nimekuombea misa, nimeitikia pole za watu mpaka ulimi umechoka. Leo ni zamu yako kusikiliza. Ulinidanganya. Katekista mzima, umri wote ule kigangoni, ukiwagombeza vijana kwa uongo wa kuiba miwa, kumbe nyumbani unamdanganya mkeo huku Biblia umeishika mkononi! Hukuona haya?

Kaa nikueleze nilivyokukamata.

Tulipomaliza pamba tulisema tukujengee kaburi, maana mvua za kwanza zilianza kuubonyeza udongo, na mbuzi wa jirani walikuwa wanakupanda kama kichuguu. Fundi akaja kutoka Segese, yule anayeandika kwa msumari kwenye saruji mbichi. Akajenga vizuri, akalainisha, akanyoosha mgongo, akauliza, "Bibi, tumwandikie nini mzee?" Sikufikiri. Mtu akikuuliza jina lako unafikiri? Nikamtajia mstari wetu. Ule wako.

Nawe umenyamaza, Bwana, upate kusikia mahali ninapogonga.

Fundi akaniangalia. "Maneno ya nani hayo?"

"Ya Mungu," nikamwambia kwa maringo. "Zaburi ya themanini na nane, mwishoni kabisa. Wewe hukufundishwa?"

"Basi nipe namba ya mstari, bibi. Watu wa siku hizi bila namba hawaamini."

Nikaingia ndani kuchukua Biblia yako. Unajua usomaji wangu: darasa la pili, halafu kisomo cha watu wazima kwenye ghala la pamba, silabi leo, silabi kesho. Na ulipokuwepo wewe nijisumbue kwa lipi? Ulikuwa na sauti. Kila nilipoigusa Biblia ulisema, "Lete, Mama Mabula, utaumiza macho." Nami nikadhani ni mapenzi. Mjinga mimi.

Nikaweka kidole, nikasoma. Mtu yule wa Zaburi analia tangu juu mpaka chini. Analia mchana, analia jioni, anauliza kwa nini Mungu anamficha uso. Nikasema ngoja, jibu linakuja, mwisho ni mtamu, mume wangu alinisomea. Nikafika mwisho. Rafiki zake wameondolewa, aliyebaki naye ni giza. Basi. Hakuna kingine. Nikasema panya wamekula. Nikaangalia ukurasa, mzima. Nikatia mate kidoleni nikaugeuza, Zaburi nyingine imeshaanza, mtu anaimba kwa furaha kama hakumsikia jirani yake.

Huko nje fundi anaita, "Bibi, saruji inakauka!"

"Iache ikauke!"

Ikakauka. Ndiyo maana mpaka leo umelala chini ya saruji isiyo na neno. Usimlaumu fundi.

Kesho yake nilipanda bodaboda mpaka parokiani, mimi na goti langu bovu. Padre tuliye naye sasa humjui, amekuja baada yako. Kijana wa Bukombe, mpole, ananiita bibi na anasimama kunisalimia. Nikamwambia, "Padre, nimekuja kuchukua kipande cha Zaburi kilichobaki." Akanisomea yeye mwenyewe, akafunga kitabu. "Bibi, imeishia hapo."

"Gizani?"

"Gizani."

"Na Wayahudi waliiimba hivyohivyo hekaluni? Hawakuongeza kitu?"

"Waliiimba hivyohivyo. Na sisi tumeipokea hivyohivyo."

Nikamuuliza mstari wa kugonga uko wapi basi. Akatafuta Zaburi zote, akatafuta kwa Ayubu, akatafuta kwenye simu yake. Akatikisa kichwa. Akaniuliza nani alinisomea. Nikasema ni mtu mmoja, sikukutaja. Hata nikiwa na hasira nawe sikuaibishi mbele ya padre.

Wiki tatu sikufagia kaburi lako. Uliona? Najua uliona. Majani yalijaa, nikayatazama nikiwa mlangoni nikasema, mwache muongo afunikwe.

Maana ule mstari, Baba Mabula, mimi nilikuwa naishi ndani yake kama nyumba. Na unajua ulinijengea lini.

Siku ile hatukuwahi kuizungumza. Wewe ulikuwa na dini yako, mimi nilikuwa na mdomo wangu, lakini siku ile wote tuliikwepa. Leo naisema.

Tulimwita Mabula kwa sababu alizaliwa mvua ikinyesha mpaka mkunga akachelewa mtoni. Mvua hiyohiyo, miaka ishirini na miwili baadaye, ikalainisha ukuta wa duara, lile shimo alimokuwa anachimba dhahabu. Asubuhi ile aliondoka akisema, "Mama, nikirudi nikute michembe na karanga." Nilikuwa bado nachemsha ile michembe, vile viazi vikavu vinaanza kuvimba, wakaja kutuambia duara limekatika na kifusi kimemfunika yeye peke yake.

Tulipofika palikuwa na kelele za dunia nzima. Karasha zinasaga mawe, jenereta zinanguruma, wanawake wanapiga yowe. Yule msimamizi wa duara, mtu mfupi mwenye kofia ya plastiki, akainua mkono. "Zima! Kimya! Mama wote kimya, asilie mtu!" Karasha zikazimwa moja moja. Nikasikia upepo. Nikasikia inzi. Akalala kifudifudi, akaweka sikio ardhini. Na wewe, na shati lako jeupe la kigangoni, ukalala kwenye tope ukaweka la kwako.

Nilitaka kumwita. Nilitaka kupiga kelele mpaka chini kabisa, "Mabula, nipo! Mama yako nipo hapa!" Msimamizi aliniona nikifungua mdomo, akaniambia taratibu, "Mama, ukiita hatutasikia anapogonga." Basi nikaingiza khanga mdomoni nikaiuma.

Ukainua mkono. Vidole vitatu. Amegonga mara tatu.

Mkachimba kwa mikono, maana sululu ingetikisa. Mnachimba, mnanyamaza, mnasikiliza. Mnachimba tena. Kucha zenu zilitoka damu, niliziona. Mchana ulinyoosha vidole viwili. Halafu kimoja. Alasiri uliweka sikio, ukakaa, ukakaa, na mkono wako haukunyanyuka. Nikakusubiri wewe unyanyue mkono. Bado nakusubiri, Baba Mabula. Kuna siku napika nakuta nimesimama na mwiko, nakusubiri unyanyue mkono.

Walimtoa siku ya tatu. Na mtu asiniambie lolote kuhusu siku ya tatu. Wa kwangu alitoka akiwa maiti. Ameshika jiwe mkononi. Vidole vilikataa kufunguka, tukamzika nalo.

Wakaja watu wa nzengo, majirani zetu wote, kuhani. Walikaa mkekani kimya, na wakati wamekaa kimya walinisaidia, nasema kweli. Halafu wakafungua midomo. "Kazi ya Mungu haina makosa." "Mungu alimpenda, ndiyo maana kamchukua." Yule jirani yetu wa kisimani, bila aibu, "Una wengine, Mama Mabula." Nikamwuliza, "Na wewe ukikatwa mkono, nikwambie una mwingine?" Ukanivuta khanga ninyamaze. Sikunyamaza.

Nikakwambia Mungu wako ameninyamazia, na mimi nitamnyamazia. Nikaacha kigango. Mke wa katekista! Jumapili unagonga ile rimu ya gari, kengele yetu ya kigango, watu wote wanakuja isipokuwa anayelala kitandani kwako. Watu wakasema. Wewe hukusema. Hukunihubiria hata siku moja, na nakupa heshima yako hapo. Ulikuwa unarudi, unaegemeza baiskeli, unaleta kiti jikoni, na kabla hatujala unasoma ile Zaburi. Hiyohiyo kila jioni. Mwanzo nilipiga sufuria makusudi nisikusikie. Uliendelea. Ukifika mwisho ulikuwa unashusha sauti, unakohoa kidogo, halafu: Nawe umenyamaza, Bwana, upate kusikia mahali ninapogonga.

Jioni moja nikaacha kupiga sufuria. Jumapili iliyofuata nikaenda.

Sasa unaona ulichonifanyia? Kumbe neno lililonirudisha kwa Mungu si la Mungu. Ni la mzee wangu, mla michembe, mwenye miwani iliyofungwa kwa uzi.

Hizo wiki tatu nilikuwa nasoma kwa hasira, nikutafutie makosa mengine. Nimemsoma Ayubu, na nina maneno naye. Rafiki zake walikaa naye siku saba bila kusema, nikasema hawa watu wazuri. Kumbe ni wa nzengo yetu. Walipofungua mdomo wakaharibu. Na mke wa Ayubu! Kazika watoto kumi, kasema sentensi moja ya uchungu, na wahubiri wanamtukana mpaka leo. Wewe pia ulimtukana, nilikuwepo, nimekaa benchi la mbele. Halafu mwishoni wanaandika kwamba Ayubu alipewa watoto wengine. Wengine! Wale wa kwanza walikuwa mbuzi? Aliyeandika hapo hakumwuliza mama yao.

Lakini hao Wayahudi nawaheshimu. Walimwimbia Mungu lawama usoni pake, na Mungu hakuzifuta kitabuni. Na Yesu mwenyewe pale msalabani aliuliza kwa nini ameachwa. Nimeisoma kwa kidole mara nne nione alijibiwa nini. Hakujibiwa. Mama yake amesimama chini, na yeye hakujibiwa. Ijumaa Kuu zote nilizokuja, nilikuwa naisikiliza kama wimbo. Safari hii nililia kama jirani amefiwa.

Na siku hiyo nikarudi kwenye Zaburi yako ya giza nione kama nimeruka neno. Jua lilikuwa linaingia dirishani. Chini ya mstari wa mwisho pana weupe kidogo, upana wa kidole kimoja, kabla Zaburi inayofuata haijaanza. Pamechakaa. Ukurasa wote msafi, hapo tu pana uchafu wa kahawia, mrefu, kuanzia kushoto kwenda kulia. Nikaweka kidole changu juu yake.

Ulikuwa unasoma weupe.

Kila jioni ulipofika mwisho, kidole chako kiliendelea kutembea mahali pasipo na neno, ili nikikuangalia nidhani pameandikwa. Ndicho ulichokuwa unakoholea, mzee wewe! Na ulipokuwa kitandani na kifua chako, nikakwambia leo mimi ndiye nitakusomea ile yetu, ukashtuka ukasema, "Hapana, si hiyo. Soma ya mchungaji na kondoo." Nikasema huyu anaogopa giza. Kumbe unaogopa kukamatwa!

Nilicheka peke yangu, Baba Mabula. Kucheka kwa kwanza tangu uondoke. Halafu nikalisikia lile neno. Kugonga. Mzaburi gani anagonga? Mfalme gani wa Wayahudi aligonga jiwe chini ya kifusi? Hukulitoa kitabuni. Ulilitoa kwenye tope, sikio likiwa ardhini. Wewe nawe ulikuwa unalia, na mimi nilidhani unanisomea tu.

Sasa nikwambie kinachonitafuna, maana sijamwambia mtu. Sikuwahi kuogopa kwamba Mabula aliumia. Naogopa kwamba alisikiliza. Aligonga, akasikiliza, akasikia nini? Kimya. Sisi wote tumelala juu yake, baba yake, mama yake, watu mia, na yeye huko chini alisikia kimya. Alikufa akidhani mama yake hakuja. Hilo ndilo ninaloamka nalo. Ndiyo maana ulipokuwa mgonjwa na sauti imekauka, ukawa unanigongea kitanda kwa kijiko, hukugonga hata mara moja nisiitike. Nikiwa jikoni, "Nipo!" Nikiwa kwa ng'ombe, "Nipo, nakuja!" Majirani walinicheka kwamba nimekuwa redio. Waache wacheke. Nilishaapa kwamba hakuna wa nyumba hii atakayegonga tena akajibiwa kwa kimya.

Na kwa Mungu nimemwambia hivi, nakurudia ili ujue nimesema. Nimemwambia: sisi tulinyamaza, sawa, lakini tukishasikiliza tulichimba. Wewe ukisikia, unachimba wapi? Nionyeshe kucha zako. Hakunijibu. Lakini nikiwa bado nimekasirika nikakumbuka kwamba Mabula naye hakuziona kucha zenu. Alisikia kimya tu. Sisemi ndiyo jibu. Mimi si padre, na jibu la namna hiyo akiniletea mtu mwenye watoto wote hai nitamfukuza na ufagio. Nasema tu kwamba nilikuwa juu siku ile, na najua kimya cha juu kilivyokuwa. Hakikuwa kimya cha mtu asiyejali. Nilikuwa na khanga mdomoni.

Basi. Nimekusamehe. Usivimbe kichwa.

Nilikwenda kumfagilia Mabula, kisha nikakufagilia wewe. Fundi anarudi Jumatano na saruji mpya. Nimemwambia aandike mstari wetu wote, herufi kubwa, na chini yake jina lako, Elias. Padre nilimweleza ukweli mwishowe, nikakutaja, naye akasema, "Bibi, namba ya Zaburi iondoe. Maneno yaache." Fundi ndiye anayehangaika: "Bila namba, bibi, watu watauliza umeyatoa wapi." Nikamwambia waulize. Waje kwangu niwapikie chai niwaambie: yametoka duarani.

Mengine ya huku ni madogo. Katekista mpya anasoma kama anafukuzwa na nyuki, lakini ana moyo. Ile rimu wameiacha, sasa wana spika. Nimewaambia wanirudishie rimu niitundike hapa mlangoni. Baiskeli yako siiuzi, kuku analalia chini yake. Watu wanaendelea kuniita Mama Mabula, na kila anayeita anagusa kidonda, na sitaki hata mmoja aache. Michembe ya mwaka huu ni mitamu. Sikuwekei; marehemu hali. Naila kwa niaba yako.

Nakuaga sasa, mume wangu, jua linashuka na sijafunga ndama. Wabeja, asante sana kwa ule uongo. Nakuahidi nitaisoma mwenyewe kila jioni kwa kidole, kwanza giza lote kama lilivyo, nisiruke kitu, halafu na weupe wako.

Ila kuna kazi, na usinipe udhuru. Mtafute Mabula. Najua utasema mlishaonana zamani. Mtafute tena, mwambie umetumwa na mama yake. Mwambie nilikuja. Mwambie nilikuwa juu yake kabisa, hapo alipogonga, na kwamba tulinyamaza kwa sababu tulikuwa tunamsikiliza. Mwambie hivyo kwanza, kabla hujakaa.